Kabla ya kamera, rudisheni metroni bwenini

Mhariri,

Naomba nafasi kwenye gazeti lako, na nikiandika refu nivumilie, maana jambo hili nimekaa nalo tangu wiki iliyopita na nikilimeza litanikwama kooni kama mwiba wa tasi.

Iko hivi. Mwaka huu mtoto wa dadangu ameingia bodingi. Skuli sitaitaja, sitafuti ugomvi na mtu na mtoto mwenyewe bado yuko pale. Siku ya kumpeleka tulifika na boksi, godoro, ndoo, beseni na ile shopingi waliyoijaza karatasi nzima, tukapokelewa vizuri tu, risiti tukakatiwa, alafu nikauliza vile anavouliza mtu aliyelala bodingi miaka minne, metroni yuko wapi nimuonyeshe mtoto wangu? Kijana wa ofisini akaniangalia kidogo akasema metroni yupo ila ni wa mchana, saa kumi na moja jioni anaenda kwake, usiku kuna soja getini na mwalimu wa zamu yuko kwenye nyumba za walimu, "na tumeweka kamera." Akanionyesha kwa kidole. Kweli, kamera ile pale juu ya mlango wa bweni, nyeupe mpya, kitaa chekundu kinamemeta. Nikamuuliza na ndani? Akasema ndani haiwezekani mama, ni wasichana wale, kuna mambo ya faragha. Sawa, na mimi singekubali kamera ndani. Lakini basi maana yake ni kwamba wasichana 90 wamelala na kinachoangaliwa ni mlango.

Sikusema kitu. Nilimbusu mtoto nikarudi Mokowe nikapanda boti, na njia nzima nilikuwa namfikiria mtu mmoja tu, metroni wetu.

Sisi tulikuwa tukimwita Ma Tochi. Jina lake lenyewe sitaliandika gazetini bila ruhusa yake, na hata hilo la Ma Tochi alikuwa akijifanya halijui, ukilitaja karibu yake anakuuliza "nani huyo?" kwa sauti ya mtu anayejua vizuri sana ni nani huyo.

Mimi ni mzaliwa wa Faza, kisiwa cha Pate. Anayetoka huko anajua kwamba kwenda skuli si kama kudandia matatu, wewe na bahari mnapatana kwanza. Siku yangu ya kwanza, Februari 2012, boti ilichelewa kutoka, tukafika pale Mkanda maji yashapwa, na Mkanda maji yakipwa hata uwe nahodha wa namna gani hupiti, tukakaa kwenye mikoko tukingoja maji yajae yatukumbuke, boksi langu limelowa chini, babangu anatazama saa kila dakika kama saa ndo inayovuta maji. Tulifika getini magharibi imeshaadhiniwa. Soja akasema ofisi imefungwa mrudi kesho. Mrudi wapi? Ndo akatoka mwanamke mmoja mnene mfupi, leso kiunoni, tochi mkononi ile ya betri tatu, akamwambia soja fungua, mtoto halali njiani, makaratasi yatafuata kesho. Babangu akaaga na kuondoka haraka kuwahi boti, nami nikaanza kulia.

Sasa sikiza. Hakuniambia nyamaza. Hakuniambia utazoea. Aliniletea ncha ya chandarua akasema "nishikie hapa." Nikashika. Akafunga. Tukaenda kitanda cha pili, "nishikie hapa," cha tatu, cha nne, dabo deka zote za safu ile, na kila kitanda ananiambia huyu anatoka Hindi ya kule Lamu bara, huyu anatoka Kizingitini ni wenu huko, huyu anaota anaongea usimuogope. Mpaka tunamaliza safu nilikuwa sijalia kwa muda na nilikuwa najua majina ya watu saba. Mimi nimekuja kuelewa ukubwani kwamba vile vyandarua pengine vilikuwa vinaweza kungoja asubuhi.

Kuhusu tochi. Taa zikizimwa saa nne usiku tulikuwa tunasikia mlango wa kichumba chake, kilikuwa kimegawanywa kwa mbao tu mle mle mwisho wa bweni, alafu malapa yake, chwa chwa chwa, anahesabu watu. Walimu wa zamu wakija walikuwa wanatumulika usoni, mtu anaamka amekasirika, lakini yeye alimulika miguu. Anainua chandarua kidogo upande wa chini, anaona nyayo mbili, anapita. Alitujua kwa nyayo wallahi. Kuna wakati wenzetu wawili walibadilishana vitanda kwa siri ili mmoja alale karibu na rafikiye, usiku ule ule akasimama akasema "hii miguu si ya hapa." Na ukirudi kutoka harusini una hina miguuni anakwambia kesho yake, nyumbani kulikuwa na arusi na hukunileta hata mkate wa sinia.

Nisije nikamfanya malaika, maana Waswahili tuna tabia ya kumsifu mtu kupita kiasi tukishamuona amezeeka. Alikuwa na mdomo mkali. Alikoroma mpaka mbao zinatetemeka. Alipiga marufuku ng'onda kwenye maboksi, sawa, harufu, lakini na achari za maembe je? Achari haina harufu mbaya. Alikuwa anazikamata akisema zitawavutia sisimizi na hatukuwahi kuona chupa hata moja ikirudi na sisimizi pia hatujui walikula ngapi. Kioo changu kidogo alikichukua nikiwa fomu ya pili, mpaka leo sijakiona.

Ila nilikuwa na tabia moja ambayo skuli nzima hakuna aliyeigundua isipokuwa yeye. Nilikuwa nalala na malapa mguuni. Ukiwa unahesabu watu kwa nyayo lazima uone. Wiki ya pili akanikalia kitandani akaniuliza mbona hivi, nikamwambia Faza. Wale wanaokumbuka wanakumbuka, mwaka 2009 moto uliila Faza, makuti na upepo, mamia ya nyumba zikaenda siku moja, mimi nilikuwa mtoto nikatoka nyumbani bila viatu na nyayo zikaungua. Sikumueleza yote hayo, nilisema tu Faza, akanyamaza. Kesho yake nikakuta godoro langu limehamishwa kitanda cha tatu kutoka mlangoni, na kuanzia siku hiyo kila usiku akinifikia alikuwa anavuta uzi shingoni ananionyesha ufunguo, hasemi kitu, ananionyesha tu, alafu anaendelea kuhesabu. Mwisho wa muhula nilikuwa nalala miguu mitupu.

Huo ufunguo ndo uliofanya niandike barua hii. Nchi hii tumezika watoto wengi kwa sababu ya mlango. Bombolulu kule Kwale mwaka 1998, wasichana waliungua milango imefungwa na madirisha yana vyuma. Kyanguli, Machakos, Machi 2001, wavulana 67. Endarasha kule Nyeri Septemba 2024 watoto 21, na wale walikuwa wadogo wa praimari. Kila mara tunalia, kila mara kunaundwa kamati. Serikali yenyewe ilitoa mwongozo wa usalama wa skuli mwaka 2008, umeandikwa wazi: kitanda na kitanda kuwe na nafasi ya mita 1.2, njia ya katikati isipungue mita 2, madirisha ya bweni yasiwe na vyuma, milango ifunguke kwa nje. Kitabu kizuri. Lakini kitabu hakiamki usiku. Waya ukianza kunuka saa nane, atakayeamka ni yule aliyelala pale mwenye ufunguo shingoni. Soja getini yuko mbali na anaangalia wezi. Kamera itaonyesha vizuri sana kilichotokea, baada ya kutokea.

Na usalama si moto peke yake. Mimi nilikuwa fomu thrii Juni 2014, usiku ule Mpeketoni, mji wa bara wenye wakristo wengi, ulipovamiwa na wenye silaha wakaua watu. Nisingependa kurudia yaliyotokea, watu wa Lamu tunayajua na wengine bado wanayalalia. Bweni letu lilikuwa na wasichana wa Mpeketoni, wengine kule ndo kwao na ndo babazao wako. Siku zile simu zilikuwa hazitoki, kila mtu anasikia lake, na siku ya tatu tu tukirudi kutoka prepu tukakuta mtu kaanza kuvuta vitanda. Hakuna aliyetoa amri. Wenzetu wa Mpeketoni wakasogea pembeni kule, sisi wa visiwani na waislamu kwa jumla tukajikuta upande huu, na katikati pana uwazi kama mtaro. Hakuna aliyetukana mtu, na ukimya wenyewe ndo ulikuwa unatisha.

Ma Tochi akaingia na tochi yake saa nne. Akasimama. Sasa mjue yeye ni Mpokomo, wa kule Tana Delta, na miaka miwili tu kabla ya hapo, 2012 kuingia 2013, Wapokomo na Waorma walikuwa wameuana kule, zaidi ya watu mia walikufa, na katika wale Wapokomo kulikuwa na watu wake. Na kitanda kilichokuwa karibu zaidi na kichumba chake pale bwenini, toka 2012, kilikuwa cha msichana wa Kiorma mwenye pumu. Alimuweka pale yeye mwenyewe ili akisikia kifua kinapiga mluzi awahi. Hatukuwahi kumsikia akilizungumzia hilo hata siku moja.

Basi akasimama pale kwenye ule mtaro, akaangalia huku, akaangalia kule. Mimi nilidhani atatoa hotuba, maana prinsipo alikuwa ameshatoa, na padri na ustadhi wote wawili walikuwa wamekuja wakatoa. Yeye akasema: "Vitanda virudi vilivokuwa. Mimi nahesabu kwa mpango wangu, mkinivurugia nitakosea hesabu, na nikikosea hesabu silali." Basi. Tukavuta vitanda, saa nne na nusu ya usiku, makelele ya vyuma, mtu anasaidia wa kwake na wa mwenzake maana dabo deka huivuti peke yako. Kitanda changu kikarudi pale pale cha tatu na jirani yangu wa juu alikuwa msichana wa Mpeketoni ambaye amiye hakujulikana alipo mpaka siku ya tano.

Wiki mbili baadaye Ramadhani ikaingia. Na kafyu nayo ikaja mwezi wa saba, giza likiingia hakuna kutoka, mpishi wa usiku hawezi kuja. Daku tutaamshwa na nani? Ma Tochi, ambaye Jumapili anaenda kanisani na kitambaa chake cheupe, akakata utepe kutoka kwa leso kuukuu, akamfungia kila anayefunga utepe kwenye chuma cha kitanda upande wa miguuni, ili akipita saa tisa na nusu asije akamuamsha asiyefunga. Anakugusa wayo mara mbili kwa kidole. Wali wa jana kaupasha mwenyewe kwa jiko la makaa, chai ya tangawizi, tunakula kwa kunong'ona. Na ukiwa uko kwenye siku zako hufungi alikuwa hakuulizi mbele za watu, unafungua utepe wako mwenyewe unauweka chini ya godoro, akipita haoni utepe anapita, akiuona tena baada ya siku kadhaa anajua. Jirani yangu wa juu aliamka daku siku kama nne hivi, hana utepe, hafungi, aliamka tu akala na sisi.

Hilo la siku zetu nalo lazima niliseme japo wanaume wanaosoma watafungua ukurasa wa michezo. Sheria ya pedi za bure kwa wasichana wa skuli za serikali ilikuja 2017, sisi tushamaliza fomu foo. Kabla ya hapo kulikuwa na droo ya pili ya kabati la Ma Tochi. Unaingia, unasema kichwa kinauma, yeye anasema droo ya pili. Alikuwa ananunua kwa pesa zake na wakati hana anakata vitambaa vya leso na kuvishona pindo, vinapigwa pasi ya makaa, na anakuelekeza vifuliwe vipi na vianikwe juani wapi ambapo wavulana wa kuleta maji hawapiti. Kuna wasichana pale walimaliza masomo kwa sababu ya droo ya pili na si kwa sababu ya mwalimu yeyote, nasema hivi na walimu wangu nawaheshimu.

Hizo pesa zake zenyewe zilikuwa zipi? Hapa ndo nataka wenye skuli wasome polepole. Mwalimu analipwa na TSC, ile tume ya serikali ya walimu, mwisho wa mwezi mshahara uko benki. Metroni ameandikwa na bodi ya skuli. Serikali inahesabu shilingi 22,244 kwa kila mwanafunzi wa sekondari kwa mwaka, hizo ni za masomo na kuendesha skuli, gharama ya kulala na kula ni juu ya mzazi. Sasa mzazi ni mvuvi, kusi likivuma miezi ile boti haitoki, fii inachelewa, na fii ikichelewa wa kwanza kuambiwa "vumilia kidogo mama" si mwingine. Ma Tochi aliwahi kukaa miezi mitatu hajapokea kitu na droo ya pili haikuwahi kuwa tupu, na sisi wajinga tulikuwa tunadhani ni skuli inanunua. Hana daraja, hana kupandishwa, likizo watoto wakienda nyumbani na yeye mshahara unakatwa nusu ati hakuna kazi. Alipofikisha umri walimpa barua ya shukrani na leso mbili. Leso mbili, Mhariri, mtu aliyekata leso zake mwenyewe akazimaliza kwa ajili yetu.

Najua watakaonijibu. Watasema zama zimebadilika, wanafunzi wameongezeka tangu serikali iliposema kila mtoto aende sekondari, pesa hakuna, metroni wengine nao ni wakali na wengine wanauza siri za watoto. Kweli wapo. Hata wapishi wabaya wapo na hakuna skuli iliyofunga jiko. Watoto wakiongezeka ndo watu wa kuwaangalia waongezwe, si ndo hesabu inavokwenda? Na kamera ile hawakuipata bure, mtu aliketi akaandika hundi.

Mimi sidai makubwa. Bweni liwe na mtu mzima anayelala humo, aliyeandikwa kwa mkataba na kulipwa hata mwezi wa nane, akafundishwa kuzima moto na kumshika mtoto mwenye pumu au kifafa, na akistaafu apewe kitu cha kumuwezesha kuishi. Bajeti ya bodi inasomwa mbele ya wazazi kila mwaka, mzazi mwenzangu siku hiyo usikimbilie kuuliza kwa nini mini, yaani wastani wa alama za skuli, imeshuka, uliza nani analala na mtoto wako. Kamera wakitaka waache, haina neno.

Jumamosi iliyopita nilipanda gari Mokowe nikaenda Witu kumuona. Siku hizi ni lami, unafika mapema. Nilimkuta amekaa barazani anachambua mchicha, amekonda, macho yameingia mtoto wa jicho lakini aliniangalia miguu kwanza, si uso, akacheka kabla sijatoa shikamoo. Nikampa sukari na majani na leso (nilinunua doti nzima, nilikuwa na deni), tukakaa. Nikamwambia nimempeleka mtoto wa dadangu bodingi. Akafurahi. Akauliza wanalala wangapi, nikamwambia 90. Akaacha mchicha. Akauliza metroni ni nani, nikamueleza habari ya kamera. Hakulaumu mtu, akakaa kimya akichambua, alafu akaniuliza, "Ule mlango wao, unafunguka kwa nje ama kwa ndani?"

Sikujua. Nilisimama chini ya mlango ule ule nikaangalia kamera, mlango sikuuangalia.

Jumatatu nilifunga duka nikavuka tena kwa boti, nikajifanya nimemletea mtoto soksi. Unafunguka kwa ndani. Na kitanda kimeegemea.

Ni mimi mzazi,
Langoni, Lamu.